Maneno ya Kumlinda Mtoto Mtandaoni: Je, "Kurubuni" Latosha?

Mwaka 2021 sheria ilirekebishwa nchini Tanzania ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na lugha ya mahakama. Tangu hapo kazi ya wafasiri wa sheria imekuwa kubwa, na ukubwa wake haupimwi kwa idadi ya kurasa. Kuna nyanja ambazo istilahi zake tulikwisha kuzizoea, kama vile ardhi, mirathi na mikataba. Ziko nyingine ambazo hata Kiingereza chenyewe kimezipatia maneno juzi tu. Mojawapo ni hii ya kumlinda mtoto dhidi ya watu wanaomwendea kwa njia ya mtandao. Yule mtu mzima anayemfuata mtoto kwa simu au kompyuta, akamzoea, akamhonga, akamtenga na wazazi wake, na mwisho akamtumia kingono, kitendo chake tukiite nini kwa Kiswahili?

Swali hili si la kupamba kamusi. Mtoto anapofika mbele ya askari wa Dawati la Jinsia na Watoto, maneno yake hupitia mikono mingi: ya askari anayeyaandika, ya daktari, ya afisa wa ustawi wa jamii, ya wakili wa serikali, ya hakimu. Kwa miaka mingi maneno hayo yalisemwa kwa Kiswahili, yakaandikwa kwa Kiingereza, kisha yakasomwa tena kwa Kiswahili. Katika safari hiyo neno lisilofaa huweza kuligeuza kosa la mtu mzima likaonekana kuwa utovu wa nidhamu wa mtoto.

Kabla ya kutafuta neno hatuna budi kukitazama kitendo chenyewe. Mara nyingi hakianzi kwa jambo la ngono. Mtu humpata mtoto katika mchezo wa kompyuta, katika kundi la WhatsApp, au katika mitandao kama Facebook, Instagram na TikTok. Humsifu. Humsikiliza anapolalamika kwamba nyumbani hawamwelewi. Humtumia vocha au kifurushi cha intaneti, "bando" kama vijana wasemavyo. Humwambia kwamba amekomaa kuliko wenzake, na kwamba mazungumzo yao ni siri ya watu wawili. Baadaye huleta mzaha wa ngono, kisha picha, ili mambo hayo yasimshtue tena mtoto. Ndipo huomba picha ya mtoto mwenyewe. Na akishaipata, huweza kugeuka na kumtisha kwa picha hiyo hiyo ili atoe nyingine, au atoe fedha, au akubali kukutana naye.

Wala tusidhani kwamba mtu huyo ni mgeni wa mbali tu. Utafiti uliofanywa na ECPAT, Interpol na UNICEF katika nchi kadhaa, ambao taarifa yake ya Kenya ilitolewa mwaka 2021 na ya Tanzania mwaka 2022, ulionyesha kwamba mara nyingi mtendaji ni mtu ambaye mtoto anamfahamu tayari, na kwamba ni watoto wachache sana wanaofikisha habari zao polisi au kwenye namba za msaada. Jambo hili lina uzito kwa mfasiri. Neno lolote lenye kudokeza ugeni au kutojulikana litawaacha nje mjomba, mwalimu na jirani, ambao nao wana simu.

Waingereza hulitumia kwa kitendo hiki neno ambalo maana yake ya kwanza ni kumhudumia farasi: kumsugua, kumchana manyoya, kumweka tayari kwa safari. Kutoka hapo likapata maana ya kumwandaa mtu kwa ajili ya cheo, na hatimaye likaingia katika maandishi ya polisi na ya ustawi wa jamii. Hata kwa wenyewe neno hilo lina kasoro, kwa kuwa linafanana na huduma njema, na asiyelijua halimshtui. Mfasiri atakayelifuata neno kwa neno atatuletea "kuandaa watoto", jambo ambalo kila shule ya awali hulifanya. Na kulikopa kwa matamshi yetu, "grumingi", kungetupa neno lisilo na ndugu katika lugha: halina mtendaji, halina mtendwa, wala mama aliyeko Nachingwea au Lamu hawezi kulikisia.

Maneno yetu wenyewe hayakosekani; taabu ni kuchagua. La kwanza linalomjia mtu ni "kutongoza". Hili tunalikataa bila kusita. Kutongoza ni kumwomba mtu mapenzi, na aombwaye huhesabiwa kuwa na uwezo wa kukubali au kukataa, ndiyo maana swali linalofuata huwa ni, "Naye alimjibuje?" Mtoto hayumo katika nafasi hiyo. Sheria ya Mtoto ya Tanzania ya mwaka 2009 humtambua mtoto kuwa ni mtu aliye chini ya umri wa miaka 18, na huo ndio mpaka wa umri nchini Kenya pia. Kuandika kwamba mtu mzima "alimtongoza" mtoto wa darasa la sita ni kumkalisha mtoto huyo katika kiti cha mtu mzima mwenzake.

Neno la pili ni zuri mno, na uzuri wake ndio uliotuchelewesha. "Kuchombeza" ni kumwimbia mtoto mchanga ili anyamaze au alale. Na kwa kupanuka kwa maana, ni kumlainisha mtu kwa maneno mpaka afuate utakalo. Hapa Kiswahili kina neno linalotembea kama lile la Kiingereza: kazi ya mlezi iliyogeuzwa kuwa hila. Baadhi yetu walilipenda sana. Lakini "chombezo" limekwisha kuwa jina la hadithi za mapenzi za magazeti ya mitaani, zisomwazo kwa starehe, na istilahi ya kosa la jinai haiwezi kukaa nyumba moja na burudani. Tena tuliona vibaya kumnyang'anya mama neno lake la kumlazia mtoto.

"Kunyemelea" ni neno la mwindaji na la paka: kwenda polepole, kwa kujificha, kumwelekea mnyama asiyejua. Lina sifa kubwa moja, nayo ni kwamba lawama yote iko kwa anayenyemelea; hakuna amlaumuye swala kwa kunyemelewa. Upungufu wake ni kwamba anyemeleaye hujificha mpaka arukie, ilhali huyu tunayemzungumzia hujionyesha kila siku, tena kwa bashasha. Swala hampendi chui. Mtoto huyu mara nyingi humpenda mtu huyo, na kwa sababu hiyo haendi kumshtaki. Tungependa neno hili libakie kwa hatua ya mwanzo tu, wakati mtu anapozunguka mtandaoni akitafuta na kuchagua mtoto wa kumwendea.

Limebaki "kurubuni". Magazeti hulitumia, polisi hulitumia, na wazazi hulielewa: ni kumpata mtu kwa hila, kwa maneno matamu au kwa vitu. Kitenzi hiki kina jirani yake anayefanana naye kwa sura, nomino "rubuni" au "arabuni", iliyojulikana kwa wafanyabiashara wa pwani kwa maana ya fedha ya kutanguliza, mnunuzi anayoitoa ili muuzaji asimpe mwingine bidhaa. Yeyote aliyepata kuzungumza na watoto waliofikwa na jambo hili atauona ukaribu wa mambo haya mawili. Vocha ya shilingi elfu moja, sahani ya chipsi, simu iliyokwisha kutumika: vitu hivi si zawadi, ni rubuni. Mtoto hujiona amekwisha kupokea, kwa hiyo anadaiwa. Na aibu ya deni humfunga mdomo hata pale anapoogopa.

Kwa upande wa sarufi neno ni jepesi. Kama tunavyopata "ushawishi" kutokana na "kushawishi", na "mbashiri" kutokana na "kubashiri", tutapata "urubuni" kwa kitendo, "mrubuni" kwa mtendaji, na "mtoto aliyerubuniwa" kwa mtendwa. Kwa matumizi ya sheria tunapendekeza "kurubuni mtoto kingono", na pale inapohitajika iongezwe "kwa njia ya mtandao". Maneno hayo ya mwisho tumeyatenga makusudi. Urubuni ulioanza kwa simu ukamalizikia gesti, na ule ulioanza dukani ukamalizikia kwenye simu, ni kosa la namna moja, na haifai lugha ilipasue mapande mawili.

Je, neno hili latosha? Halitoshi peke yake, na hapa tunatofautiana na wale wanaodhani kwamba kazi ya istilahi huisha neno likipatikana. Ndani ya "kurubuni" kuna udanganyifu, na udanganyifu hudai mtu aliyedanganyika. Wakili wa mshtakiwa atasimama na kuuliza: mtoto huyu alidanganywa nini? Ana miaka 16, aliujua umri wa mshtakiwa, alijua anachotaka, hata alimtania katika maandishi haya niliyonayo mkononi. Ikiwa maana ya kurubuni ni kudanganya tu, hoja hiyo ina nguvu. Kwa hiyo neno lazima liandamane na fasili yake, na fasili iseme wazi kwamba kosa limo katika nia na matendo ya mrubuni. Fasili tunayoipendekeza ni hii:

Kurubuni mtoto kingono: kujenga mazoea na mtoto, au na watu wanaomlea, kwa maneno, vitu, vitisho au njia nyingine yoyote, kwa nia ya kumtendea au kumtendesha jambo la ngono, mtoto awe ameitambua nia hiyo au hakuitambua, na jambo hilo liwe limetendeka au halikutendeka.

Tumewaingiza walezi kwa sababu mrubuni hodari huanzia kwao. Humlipia mtoto ada, humletea bibi sukari, na siku mtoto anaposema neno, nyumba nzima humwambia ana utovu wa shukrani. Kuhusu kipande cha mwisho cha fasili, tunao mfano wa wenzetu. Mkataba wa Baraza la Ulaya uliotiwa saini huko Lanzarote, Hispania, mwaka 2007, ulilitaja kosa hili waziwazi, lakini ukalifunga na pendekezo la kukutana na mtoto ana kwa ana. Mwaka 2015 kamati inayousimamia mkataba huo ilizishauri nchi wanachama zifikirie kulipanua, kwa kuwa mtoto huweza kudhuriwa sana na mtu ambaye hataonana naye kamwe. Sisi tunaokuja nyuma hatuna sababu ya kupiga kambi pale ambapo wenzetu walikwisha kuhama.

Sasa tugeukie jambo ambalo orodha za istilahi hazilisemi, nalo ni sarufi ya sentensi. Tutunge mfano. Msichana wa miaka 13 anamweleza mwalimu wake hivi: "Alikuwa ananitumia vocha. Akaniambia nina akili kuliko wenzangu. Nikamzoea. Akaniomba picha bila nguo, nikakataa, akanuna siku tatu hanijibu. Nikamtumia." Mwalimu, kwa nia njema kabisa, anaandika katika taarifa yake: "Mwanafunzi alishawishika kuwa na uhusiano wa kimapenzi na mwanamume, wakazoeana, na akamtumia picha zake chafu." Mwalimu hakukusudia kusema uongo, na bado mtoto amekwisha kuhukumiwa.

Tazama kitenzi cha kwanza. "Alishawishika" ni kauli ya kutendeka. Chungu kimevunjika, kamba imekatika, mtoto ameshawishika: katika zote tatu mtendaji ametoweka, na tunaachwa tukiutazama udhaifu wa chungu. Kauli ya kutendwa, "alishawishiwa", humwachia mtendaji nafasi, maana msomaji atauliza, "Na nani?" Kauli ya kutenda, "mwanamume huyo alimshawishi", humleta mbele yetu bila kuulizwa. Ndivyo ilivyo kwa "alirubunika" na "alidanganyika", vitenzi tunavyokutana navyo mara kwa mara katika taarifa za shule. Tunawaomba walimu waviache kabisa wanapoandika habari za namna hii.

Tazama tena "wakazoeana". Hii ni kauli ya kutendana, ambayo hukigawa kitendo nusu kwa nusu. Msichana alisema "nikamzoea", akiwa amekwisha kusema ni kwa vocha na kwa sifa gani. Taarifa imechukua mazoea yaliyotengenezwa na mtu mmoja ikayafanya kuwa kazi ya wawili. Kiambishi hiki "-ana" kimejificha mahali pengi. Sheria ya mwaka 1998 hujulikana kwa Kiswahili kuwa Sheria ya Makosa ya Kujamiiana, na jina hilo limekwisha kuota mizizi. Hatudai ling'olewe kesho. Tunadai tu kwamba ndani ya hati ya mashtaka, ndani ya hukumu na ndani ya habari ya gazeti, mtoto asifanywe mshirika wa kitenzi: si "walifanya mapenzi", si "walikuwa na mahusiano", wala si "alikuwa akitembea naye".

Halafu yapo "picha zake chafu". Hilo "zake" humfanya mtoto kuwa mwenye picha, na "chafu" humpaka yeye uchafu wa aliyeziagiza. Taarifa ingeweza kuandikwa hivi: "Mwanamume mtu mzima alimtumia mwanafunzi vocha na kumsifu, kisha akamtaka ampe picha za utupu. Mwanafunzi alikataa. Mwanamume alisusa kumjibu kwa siku tatu, ndipo mwanafunzi akatuma." Yameongezeka maneno machache tu, ila afisa atakayeisoma taarifa hii ataanza kwa kumtafuta mwanamume.

Kuna jozi moja ya maneno inayotusumbua kuliko inavyostahili: "kijinsia" na "kingono". Jinsia ni hali ya kuwa wa kike au wa kiume. Ngono ni jambo jingine. Lakini waandishi wetu, kwa kuona haya, wameandika "unyanyasaji wa kijinsia" hata pale wanapokusudia unyanyasaji wa kingono. Matokeo yake, mvulana aliyerubuniwa hana neno. Msomaji akiona "ukatili wa kijinsia" humfikiria mwanamke, na mvulana hujiona kwamba jambo lililompata halimo katika yale yanayosemwa. "Ngono" si tusi. Mzizi wake ni ule wa "-gona", yaani kulala, usikikao katika lugha kadhaa za kusini mwa Tanzania. Neno lenye asili hiyo laweza kuandikwa katika barua ya serikali bila ya mwandishi kufumba macho.

Haya za watu wazima ndizo watoto wanazozirithi. Katika mahakama mtoto huweza kusema "alinifanyia tabia mbaya" au "alinifanyia matusi", kwa kuwa nyumbani hakufundishwa jina jingine. Mahakama ya Rufani ya Tanzania imepata kueleza katika hukumu zake kwamba tafsida za namna hii, zikisemwa na mtoto, ziweza kueleweka kwa maana inayokusudiwa, kwa kuzingatia mila na adabu zetu. Hilo limewasaidia wengi. Hata hivyo mfasiri na ajihadhari: "tabia mbaya" ndiyo maneno ambayo mtoto huyo huyo huambiwa anapoiba sukari. Tafsida ibaki katika maneno ya mtoto kama alivyoyasema, na mwandishi aongeze ufafanuzi, asiyafute.

Upande wa Kenya liko "kunajisi", ambalo magazeti hulitumia kwa kosa la mtu mzima kumwingilia mtoto. Ni neno la kale lenye uzito wa dini, na uzito huo ndio mashaka yake. Kitu kilichonajisika hutengwa mpaka kitwaharishwe. Na mtoto "aliyenajisiwa" huondoka mahakamani akiwa ameshinda kesi, lakini jina la najisi likimfuata yeye, si aliyemtendea. Tanzania hutumia "kubaka" kwa mtoto wa kike kama kwa mtu mzima, na katika hili tunadhani Tanzania imepata neno lililo safi zaidi.

Tuje kwenye "unyonyaji". Neno hili lilifanya kazi kubwa katika siasa yetu. Kizazi kizima kilijifunza maana yake kwa picha ya kupe na mrija. Ilikuwa rahisi, basi, kuandika "unyonyaji wa watoto kingono" pale ambapo mtu anapata faida kwa kumtumia mtoto. Lakini mahali pengine pote ambapo neno "kunyonya" huonekana karibu na "mtoto", ni yeye mtoto anyonyaye, na kwa haki yake. Tumeona jinsi wasomaji wanavyosita, hata kutabasamu, wanapolisoma neno hilo katika kichwa cha habari, na kusita huko ni hasara. Tunapendekeza "utumikishaji wa mtoto kingono". Kutumikisha kunaonyesha mkubwa na mdogo, kunaonyesha faida inakwenda kwa nani, na wananchi wamekwisha kulizoea katika "utumikishaji wa watoto" migodini na mashambani. Zanzibar hupenda "udhalilishaji", nalo ni neno zuri kwa tendo la kumvunjia mtoto heshima na utu wake. Ila halisemi lolote juu ya faida, kwa hiyo haya mawili yasichukuliwe kuwa ni jambo moja.

"Ponografia ya watoto" imo katika sheria. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya Tanzania ya mwaka 2015 ilipotungwa ililitumia jina hilo, na sheria ya Kenya ya makosa ya kompyuta ya mwaka 2018 vilevile, zikifuata Itifaki ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2000. Tangu wakati huo fikra zimebadilika. Mwongozo wa istilahi uliopitishwa na mashirika mbalimbali huko Luxembourg mwezi Januari 2016 ulishauri jina hilo liepukwe, kwa sababu ponografia huweza kuwa kazi ya watu wazima walioridhia, na mtoto hawezi kuridhia. Kila picha ya namna hiyo ni kumbukumbu ya ukatili uliotendwa. Mfasiri wa sheria hana ruhusa ya kulibadilisha jina lililomo katika sheria. Lakini mwalimu, mwandishi na afisa wanayo. Waandike "picha za ukatili wa kingono dhidi ya mtoto", na pale panapohusika sauti na video waseme "picha, video na sauti". Baadhi hupendelea "maudhui". Neno hilo tulilipokea kutoka kwa wahakiki wa fasihi, na bado tunasita kuliona katika shauri la polisi. Picha zinazobuniwa na kompyuta kwa akili mnemba, au akili unde kama wengine wasemavyo, kwa kutumia uso wa mtoto halisi, nazo ziingie humo humo.

Mengine tuyapitie kwa haraka. Ukatili unaoonyeshwa papo hapo kwa watazamaji walioko mbali uitwe "ukatili unaorushwa mubashara". Neno tulilolipokea kwa furaha kwa ajili ya mpira halina budi kubeba na mzigo huu. Kumtisha mtoto kwamba picha itasambazwa asipotoa alichoombwa kuitwe "kumtisha kwa picha". Kusichanganywe na "rushwa ya ngono", ambayo ni kosa la mwenye madaraka anayedai ngono ili atoe huduma, na ina kifungu chake.

La mwisho hatujakubaliana wenyewe kwa wenyewe. Yule mtoto aitwe nani? "Mhanga" lina harufu ya kafara. "Mwathirika" lina lile "-ika" tulilolilalamikia, na "mwathiriwa" la Kenya linalikwepa. Wengi wetu tunaelekea huko. "Manusura" humpa mtu heshima, ila si kila mtoto amekwisha kunusurika siku anayokuja kuzungumza nasi. Katika mjadala wetu aliyesema vizuri kuliko wote ni mwalimu mmoja aliyetuambia kwamba yeye huandika "mtoto" tu, sentensi zote, mpaka mwisho wa taarifa.

Tunawaomba wasomaji watusaidie katika jambo moja. Walimu, askari wa madawati, maafisa wa ustawi wa jamii, na wale wanaopokea simu katika namba 116, ambayo ni namba ya msaada kwa watoto Tanzania na Kenya pia, husikia kila siku maneno ambayo watoto wenyewe huyatumia kueleza mambo haya. Tungependa kuyapata kama yalivyosemwa, pamoja na wilaya yalikosikika na umri wa aliyeyasema, pasipo kutaja jina la mtoto, la shule wala la kijiji.